Mazungumzo ya Wachezaji: Historia ya Soga Zilizovuka Kuta za Mashine

Aghalabu historia ya michezo ya kompyuta husimuliwa kwa kutaja picha zilivyozidi uzuri, mashine zilivyozidi nguvu, na kampuni zilivyozidi utajiri. Na msimulizi akishamaliza hayo hudhani kwamba habari imekwisha, ilhali lililo adhimu kupita yote hajaligusa bado, nalo ni mazungumzo ya watu wanaocheza. Waliokwisha kukaa barazani wakati wa bao wanajua kuwa mtu huja mara ya kwanza kwa ajili ya kete, lakini hurudi kesho yake kwa ajili ya watu. Ndivyo ilivyo kwa mchezaji wa kompyuta, isipokuwa kwamba wenzake hawakuketi naye ubao mmoja: huyu yuko Stockholm, yule yuko Nairobi, wa tatu yuko Maskati, na pengine kila mmoja ana mashine ya namna yake, iliyotengenezwa na kampuni isiyotaka kusikilizana na kampuni ya mwenzake. Azma yangu ni kueleza jinsi masahibu hao walivyotafuta njia ya kuzungumza, tangu mwanzo wa jambo hadi zama zetu hizi, na kuthibitisha neno moja ninaloliamini kwa dhati ya moyo: kwamba kuta zilizowatenga zilijengwa na biashara wala si na upungufu wa elimu, na kwamba wa kwanza kuzitoboa walikuwa wachezaji wenyewe.

Asili ya habari hii iko katika Chuo Kikuu cha Illinois, mjini Urbana, Marekani, ambako tangu mwaka 1960 mhandisi Donald Bitzer na wenzake walikuwa wakijenga mtambo wa kufundishia ulioitwa PLATO. Ilipofika miaka ya mwanzo ya sabini mtambo huo ulikuwa na skrini nyingi zenye kung'aa rangi ya machungwa, zimetawanyika katika majengo na miji mbalimbali, zote zikitegemea kompyuta kubwa moja. Na kwa kuwa kila aliyeketi mbele ya skrini alikuwa ameunganishwa na kila mwingine, haukupita muda vijana wakagundua kwamba chombo kilichokusudiwa kufundisha hesabu kinaweza pia kupeleka salamu. Mwaka 1973 Doug Brown aliandika programu iliyoitwa Talkomatic, ambamo watu watano waliweza kukutana katika chumba kimoja cha maandishi, kila mmoja akiwa na sehemu yake ya skrini, na kila herufi ikionekana kwa wote pale pale ilipobonyezwa. Nalitaja hilo la herufi kwa makusudi, kwa maana programu nyingi za siku hizi humficha mwandishi mpaka atakapoituma sentensi yake nzima, bali katika Talkomatic msomaji alimwona mwenziwe akisita, akifuta, akirudia neno, akicheka kwa herufi kabla hajamaliza kufikiri. Mwenzake Brown, David Woolley, ambaye katika mwaka huo huo aliandika programu ya kuweka maandishi ya majadiliano ya umma, alisaidia kuikamilisha kazi hiyo.

Na katika mwaka huo huo wa 1973, ndani ya mtambo ule ule, John Daleske aliandika mchezo ulioitwa Empire, ambamo wachezaji waliongoza vyombo vya angani na kupigana, nao wakapewa uwezo wa kupelekeana ujumbe katikati ya vita. Tazama basi jinsi mambo mawili haya yalivyozaliwa pamoja kama ndugu wa tumbo moja. Haikuwa kwamba mchezo ulikuja kwanza, kisha baada ya miaka mingi mtu mwenye huruma akauongezea maneno. Mahali pale pa mwanzo kabisa, adui aliyeunguziwa chombo chake aliweza kumwandikia aliyemuunguza, akamsifu au akamlaani, na usiku ukaendelea. Waliokuwapo walikesha hapo, na wako waliokuja kwa ajili ya masomo wakabaki kwa ajili ya marafiki wasiowahi kuonana nao uso kwa uso.

Mwaka 1978, katika Chuo Kikuu cha Essex nchini Uingereza, mwanafunzi Roy Trubshaw alianza kuandika mchezo wa maneno matupu ulioitwa MUD, kisha Richard Bartle akaupokea na kuuendeleza. Humo hamkuwa na picha hata moja. Mchezaji alisoma maelezo ya pango, au ya ufuko, au ya msitu, akaandika atakalo kufanya, na kompyuta ikamjibu yaliyotokea. Na kwa kuwa kupiga, kuokota, kukimbia na kusema vyote vilifanywa kwa kuandika, neno la kumshambulia adui na neno la kumsalimu rafiki yalipita katika mlango mmoja. Watu wa nje ya chuo waliruhusiwa kuingia kwa njia ya simu katika saa za usiku ambapo mashine haikuwa na kazi, na gharama za simu za zama zile hazikuwa ndogo. Lakini waliingia, na wakalipa.

Hapa nataka kutua kidogo, kwa sababu tukio lililofuata lina hoja nzito kuliko maelezo yangu yote. Mwaka 1989 Jim Aspnes wa Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon aliandika mchezo wa namna ile ile, akauita TinyMUD, akaondoa ndani yake takriban yote yanayodhaniwa kuwa ndiyo mchezo: vita, alama, cheo, ushindi. Kilichobakia kilikuwa mahali, watu, na uwezo wa kujenga vyumba na kusema. Mtu mwenye akili ya kawaida angetabiri kwamba mchezo usio na mchezo hautapata mchezaji. Lakini watu walikuja kwa wingi, wakajenga vyumba kwa maelfu, wakaketi wakazungumza. Naye Bartle, katika makala aliyoitoa mwaka 1996 kuhusu tabia za wachezaji, aliwagawa mafungu manne: wanaotafuta mafanikio, wanaotafuta kujua, wanaotafuta kuumiza, na wanaotafuta watu. Fungu hilo la nne limedharauliwa na wengi waandikao juu ya michezo, na dharau hiyo si haki, kwa kuwa pasipo wao nyumba hubaki tupu.

Habari ya Habitat nitaipitia kwa ufupi, ingawa ni nzuri. Wahandisi Chip Morningstar na Randy Farmer wa kampuni ya Lucasfilm waliitengeneza katikati ya miaka ya themanini kwa ajili ya kompyuta ya nyumbani ya Commodore 64, nao ndio walioyaweka maneno ya mchezaji juu ya kichwa cha sanamu yake, kama yawekwavyo katika vibonzo vya magazeti. Kuanzia hapo maneno yakawa na mwili unaoyasema.

Kisha yakaja mapigo ya haraka. Mchezo wa Doom ulitolewa mwezi wa Desemba 1993, na wachezaji wanne waliweza kupambana iwapo kompyuta zao zimeunganishwa kwa waya katika nyumba moja; vijana wakabeba kompyuta zao, nazo zilikuwa nzito, wakazipeleka katika vyumba vya chini vya nyumba, kumbi za shule na maghala. Mkusanyiko wa DreamHack ulianza mwaka 1994 katika mji mdogo wa Malung nchini Sweden, na ule wa QuakeCon ulianza mwaka 1996 huko Texas. Katika mikusanyiko hiyo hapakuwa na haja ya chombo chochote cha kuzungumzia, maana aliyekuua alikuwa ameketi meza ya tatu na kicheko chake kilikufikia kwa masikio. Waliokulia katika vyumba vile walipohamia kucheza kupitia intaneti, kila mtu akiwa kwake, walipata mwendo na wakapata maadui wa kila taifa, lakini kicheko kikatoweka. Historia yote inayofuata ni ya kukitafuta kicheko hicho.

Mchezo wa Quake ulipotoka mwaka 1996 uliruhusu maandishi, lakini ulikuwa mchezo wa kasi mno, na mkono unaoandika hauwezi kupigana: aliyesimama kumaliza sentensi aliuawa kabla ya nukta. Kwa hiyo wachezaji wakalihamisha baraza lao nje ya uwanja. Walilipeleka katika IRC, mfumo wa mazungumzo ya maandishi ulioandikwa mwaka 1988 na Jarkko Oikarinen katika Chuo Kikuu cha Oulu, Finland. Na mwaka 1997 ukaundwa mtandao wa IRC wa QuakeNet kwa ajili ya wachezaji hao. Vikosi vikapatana huko saa ya kukutana, vikatafuta wapinzani huko, na baada ya pambano vikarudi huko huko kushtakiana na kupongezana. Tena kanuni za IRC zilikuwa zimechapishwa wazi tangu mwaka 1993, mtu yeyote akiweza kuandika programu yake ya kuzitumia, ndiyo maana mwenye Windows, mwenye Macintosh na mwenye Unix walikaa chumba kimoja bila ya kuulizana mashine. Naomba msomaji aikumbuke hali hiyo ya uwazi, kwa sababu tutaipoteza hivi punde.

Sauti ilikuja mwaka 1999, kwa programu iliyoitwa Roger Wilco. Ilikuwa programu ndogo iliyokaa pembeni ya mchezo. Mchezaji alibonyeza kitufe, akasema, akakiachia, na maneno yake yakawafikia wenzake kupitia ile ile modemu iliyokuwa ikibeba risasi na hatua zake. Njia hiyo ilikuwa nyembamba mno: modemu ya nyumbani ya siku zile ilipitisha, kwa bahati njema, biti elfu 56 kwa sekunde, na sauti ililazimika kukamuliwa hata ikatoka kama ya mtu anayesemea ndani ya mtungi. Lakini mikono yote miwili ikawa huru. Mtu akaweza kupigana na kuonya kwa wakati mmoja, na vikosi vilivyokuwa na sauti vikavishinda vilivyokuwa vikiandika. Baada ya hapo ikaja TeamSpeak kutoka Ujerumani, na Ventrilo mwaka 2002, na mwaka 2005 ikaja Mumble, iliyoweza kuifanya sauti ya mwenzako isikike kutoka upande aliosimama ndani ya mchezo, akiwa kushoto isikike kushoto, akiwa mbali ififie.

Programu hizo zilihitaji seva, na seva ilihitaji kukodiwa, na hapo ndipo ilipozuka desturi ambayo wachezaji wa kompyuta wa rika hilo huizungumza kwa mapenzi makubwa. Kikosi kilichanga fedha kila mwezi, mtu mmoja akawa mweka hazina, akapewa funguo za vyumba, akaamua nani aingie na nani afukuzwe. Chumba hakikuwa cha mchezo fulani. Mchezo ulipozeeka, kikosi kikahamia mchezo mwingine, na chumba kikabaki kile kile. Waliooa wakaja wakatangaza, waliofiwa wakaja wakaliwazwa, na wengine waliingia jioni bila ya kufungua mchezo wowote, wakawa wanaosha vyombo huku wakisikiliza. Mimi nashikilia kwamba hiyo ndiyo siku ambayo mazungumzo yalipata nyumba yake mwenyewe, na kwamba tangu hapo mchezo ndio uliokuwa mgeni.

Lakini sauti ilileta dhiki pia, na itakuwa dhuluma kuinyamazia. Katika maandishi mtu alikuwa jina na maneno. Katika sauti akawa mwanamke au mwanamume, mtoto au mzee, mwenye lafudhi ya hapa au ya kule. Wanawake wengi walioheshimiwa kwa ustadi wao walikuta siku ya kwanza ya kusema kuwa ndiyo siku ya kwanza ya kutukanwa, na wengi wakachagua kunyamaza, wakisikiliza bila ya kujibu. Walikuwako wengine walioshikilia kuandika kwa sababu zao. Mats Steen wa Norway, ambaye maradhi ya misuli yalimdhoofisha tangu utotoni, aliishi miaka mingi ndani ya mchezo wa World of Warcraft kwa jina la Ibelin, akiwa mwanachama wa chama cha wachezaji kilichoitwa Starlight, akiwaandikia wenzake, akiwashauri katika ndoa zao na malezi ya watoto wao, ilhali wengi wao hawakujua hali ya mwili wake. Alipofariki mwaka 2014, naye ana miaka 25, wazazi wake walidhani kwamba mtoto wao ameondoka bila ya marafiki. Walipoutangaza msiba, zikawamiminikia barua za watu wasiowajua, na baadhi ya watu hao wakasafiri kutoka nchi nyingine za Ulaya wakaja kumzika. Chama kile kilikuwa kimehifadhi maandishi yake mengi, na kwa maandishi hayo filamu juu ya maisha yake ilitengenezwa na Benjamin Ree, ikatolewa mwaka 2024. Anayesema kwamba mazungumzo ya michezoni ni upuuzi na apewe habari ya mazishi hayo.

Sasa turudi nyuma kidogo, kwenye ule ukuta. Tarehe 15 Novemba 2002 Microsoft ilifungua Xbox Live, na mnunuzi alipewa hedifoni pamoja na usajili wa mwaka mmoja. Lilikuwa jambo la fahari, maana sauti haikuwa tena ya wenye maarifa ya kukodi seva bali ilikuwa ya kila mwenye mashine. Lakini nyumba hiyo ilikuwa na milango inayofungukia ndani tu. Mwenye Xbox alisema na mwenye Xbox. Sony nayo ikajenga yake, na katika PlayStation 3 marafiki waliokuwa wakicheza michezo miwili tofauti hawakuweza hata kusemezana, kwa sababu kumbukumbu ya mashine ilikuwa imegawanywa kwa namna isiyoacha nafasi ya sauti; Xbox ililiweza jambo hilo mapema zaidi, na PlayStation ikasubiri mpaka mashine yake ya nne, mwaka 2013. Ndugu wawili wa nyumba moja, mmoja akiwa na mashine hii na mwingine akiwa na ile, walikuwa kana kwamba wanaishi katika mabara mawili.

Je, hilo lilikuwa lazima? Ushahidi unakataa. Kabla ya Xbox Live kufunguliwa, Quake III ya mashine ya Dreamcast ilikuwa imekwisha kuwakutanisha wenye Dreamcast na wenye kompyuta. Mchezo wa Phantasy Star Online, uliotolewa na Sega nchini Japani mwezi wa Desemba 2000, ulikuwa na orodha ya maneno ambayo mchezaji wa Kijapani aliyachagua, nayo yakamtokea mwenzake kwa Kiingereza, Kifaransa, Kijerumani au Kihispania. Na juu ya yote hayo kuna Final Fantasy XI, ambao naustahi kuliko michezo mingine yote katika mlango huu. Ulitolewa Japani mwezi wa Mei 2002 kwa ajili ya PlayStation 2, kabla ya mwaka kwisha ukatolewa kwa kompyuta, na mwaka 2006 ukatolewa kwa Xbox 360, mashine ya mshindani. Na wote hao, Wajapani, Wamarekani na Waulaya, wenye kompyuta na wenye mashine mbili zinazogombania soko, waliwekwa katika ulimwengu mmoja, katika seva zile zile. Watengenezaji walitia humo kamusi ya maneno iliyojitafsiri yenyewe, na wakatia chombo cha kuzungumzia kilichotengenezwa kwa mfano wa kombe la bahari: mwanzilishi wa kikundi hupata kombe, kisha huwagawia marafiki lulu zake, na kila aliyevaa lulu husikia maneno ya kombe hilo popote alipo katika ulimwengu ule. Mpwani atakayelisoma jambo hili hatahitaji kuelezwa uzuri wake.

Mazungumzo hayo yalidumu miaka. Tarehe 31 Machi 2016 huduma kwa PlayStation 2 na Xbox 360 ilipokomeshwa, mashine zenyewe zikiwa zimeshapitwa na wakati, wenye kompyuta waliendelea, na waliotaka kubaki na wenzao wakanunua kompyuta. Kwa hiyo kila msemaji wa kampuni aliyesimama katika miaka iliyofuata akadai kwamba kuwaunganisha wachezaji wa mashine mbalimbali ni jambo gumu na la hatari, alikuwa na jibu mbele yake lililokuwa likifanya kazi tangu mwaka 2002.

Upande wa kompyuta, wachezaji walipata Xfire mwaka 2004, programu iliyomwonyesha mtu ni mchezo gani rafiki yake anacheza na katika seva ipi, ikamwezesha kumwandikia bila ya kutoka katika mchezo wake; kampuni ya Viacom iliinunua mwaka 2006 kwa dola milioni 102. Steam, duka la michezo lililofunguliwa mwaka 2003, likajenga yanayofanana na hayo ndani yake. Wengi wakaitumia Skype, iliyoandikwa na wahandisi wa Estonia, lakini iliwaumiza kwa namna isiyokusudiwa: kwa kuwa iliunganisha kompyuta moja kwa moja na kompyuta, mpinzani mwenye kinyongo aliweza kuijua anwani ya mtandao ya mchezaji na kumfurikisha mpaka akakatika katikati ya shindano. Ndipo Jason Citron na Stan Vishnevskiy, waliokuwa wametengeneza mchezo uliokosa soko, wakaigeuza kazi yao na kuitoa Discord mwezi wa Mei 2015. Humo seva za kampuni zilisimama katikati na kuzificha anwani za watu, chumba kilipatikana bila ya malipo, na mgeni aliingia kwa kiungo kimoja hata kama hajaweka programu. Miongoni mwa wa kwanza kuipokea walikuwa wachezaji wa Final Fantasy XIV, mchezo wa ukoo mmoja na Final Fantasy XI, na sioni kama ilikuwa sadfa, kwa maana jamaa hao walikwisha kuzoea kwamba maongezi hayaulizi mashine.

Kwetu Afrika ya Mashariki mambo haya yalichelewa kwa sababu ya masafa, na masafa ni jambo la kupimwa. Mpaka mwaka 2009 intaneti ya pwani hii ilitegemea satelaiti kwa kiasi kikubwa, na satelaiti hizo husimama kilomita 36,000 hivi juu ya ikweta; neno lililopanda huko na kushuka, kisha jibu likapanda na kushuka, lilikula karibu nusu sekunde hata kabla ya ucheleweshaji mwingine wowote. Katika mchezo wa risasi nusu sekunde ni kifo, na katika mazungumzo ni kugongana kwa maneno, kila mmoja akianza kusema akidhani mwenzake amenyamaza. Waya wa chini ya bahari wa SEACOM ulianza kazi mwezi wa Julai 2009, ule wa TEAMS ukaiunganisha Mombasa na Fujairah katika mwaka huo huo, na EASSy ukafuata mwaka 2010. Kuanzia hapo kijana wa Mombasa, wa Dar es Salaam au wa Kampala aliweza kusema na nduguye aliyeko Maskati au London kwa ucheleweshaji usiosumbua sikio.

Na hapa pana jambo la hikima ambalo halijasemwa vya kutosha. Mchezo na mazungumzo havidai kitu kimoja. Kanuni za kimataifa za simu zinasema kwamba sauti ikifika ndani ya sehemu 150 za elfu za sekunde, kwenda tu, wasemaji aghalabu hawatahisi kitu. Lakini mchezaji wa mashindano huziona sehemu hizo kuwa ni msiba. Seva za michezo mingi ziko Ulaya, nyingine Dubai au Johannesburg, na mchezaji wetu huanza kila pambano akiwa nyuma ya mwenzake wa Frankfurt. Lakini katika chumba cha sauti wako sawasawa. Huko utani wake hufika kwa wakati, na huko Kiswahili cha Unguja, cha Nairobi na cha jamaa walioko Maskati hukutana usiku baada ya usiku, kwa wakaa mrefu kuliko simu yoyote ya kujuliana hali, kwa kuwa mchezo huwapa watu sababu ya kunyamaza pamoja, na kunyamaza pamoja ndiko kunakomfanya mtu aseme yaliyo moyoni.

Ukuta ulianza kupasuka kuanzia mwaka 2015, pale Rocket League ulipotoka ukiwakutanisha wenye kompyuta na wenye PlayStation 4. Mwezi wa Septemba 2017 wachezaji wa Fortnite waligundua kwa mshangao kwamba wenye PlayStation na wenye Xbox wanakutana uwanjani. Epic, kampuni yenye mchezo huo, ikasema kwamba ni kosa la mpangilio, ikalirekebisha. Kosa hilo lilikuwa na faida kubwa, kwani lilithibitisha mbele ya macho ya watu kwamba kilichozuia kilikuwa kibali tu. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 26 Septemba 2018, Sony ilitoa kibali, ikianza na mchezo huo huo. Sauti ilifuata nyuma kwa kusuasua: Discord ilifika kwenye Xbox mwaka 2022 na kwenye PlayStation 5 mwaka 2023, na hatimaye mwenye kompyuta, mwenye Xbox na mwenye PlayStation wakaketi chumba kimoja, yaani pale pale walipokuwa watu wa IRC mwaka 1997 na watu wa kombe mwaka 2002.

Siridhiki, hata hivyo, na namna lilivyofika. IRC ilikuwa kanuni isiyo na mwenyewe. Discord ni mali ya kampuni moja, na kampuni hufunga. Xfire ilifungwa mwezi wa Juni 2015, na watu wakapewa siku chache tu kuchukua picha na filamu zao. Seva za GameSpy zilizimwa mwaka 2014, na michezo mingi iliyozitegemea ikabaki bila ya mahali pa kukutania. Skype nayo ilifungwa mwezi wa Mei 2025. Umoja wa Ulaya ulitunga mwaka 2022 sheria inayozilazimisha huduma kubwa mno za ujumbe kuwafungulia mlango washindani wao, na kwa sheria hiyo WhatsApp na Messenger zimetajwa kwa majina. Vyumba vya wachezaji havikutajwa, na mpaka leo aliye katika chumba cha Steam hawezi kumwita kutoka humo rafiki aliye katika chumba cha Discord, wala yule aliyebaki kwenye TeamSpeak hasikiki na yeyote kati yao.